Ndala za Baba Mkwe

Gari jeupe lisilo na dereva lilisimama mbele ya kaya namba kumi na saba saa nne asubuhi. Sechelela alikuwa amepiga magoti kwenye kibuyu chirizi cha kunawia mikono, anakisugua kwa majivu. Alipowaona watu wawili wakishuka wamevaa nailoni kuanzia utosini hadi vidoleni, alijua kuna choo kimesomwa vibaya mahali fulani kijijini. Yeye ndiye mhudumu wa afya wa Chilumbi, kwa hiyo alidhani wamekuja kumchukua awasindikize huko.

"Shikamoo, mama," alisema wa mbele. Alikuwa Nesi Hollo, binti wa Kisukuma aliyeletwa mwaka uliopita kwenye kambi ya uangalizi pale karibu na kisima kirefu.

"Marahaba. Ni kwa nani leo?"

Nesi alitupa macho uani. "Mzee yupo?"

"Yupo zizini."

"Shahidi amemkuta na kipindupindu. Ni haja ya asubuhi hii, saa kumi na mbili na robo."

Sechelela alibaki na gunzi la kusugulia mkononi. Saa kumi na mbili na robo asubuhi ile, mtu aliyekuwa chooni alimfahamu vizuri sana, maana alikuwa yeye mwenyewe.

"Tutahitaji na ndala zake," Nesi aliongeza.

Ndala zilikuwa zinaning'inia kwenye msumari kando ya mlango wa choo, jozi mbili za bluu zilizochapwa namba, kumi na saba A za mzee na kumi na saba B zake yeye, mkwewe. Sechelela akazitungua za mzee. Zilikuwa bado na unyevu. Katikati ya kila ndala, kwenye mpira mpana uliokatwa kwa kipimo cha mguu wa mwanamume, kulikuwa na alama nyeusi ya mguu mdogo, kisigino na vidole vyote vitano. Miaka sita alikuwa akiivaa ndala ile na hajawahi kuitazama kwenye mwanga.

Mzee akaja kutoka zizini, pekupeku kama kawaida yake. Alikuwa mtu mrefu wa miaka sabini na tisa, mwenye masikio yaliyotobolewa zamani na hatua za mtu asiyependa kuharakishwa. Jina lake Sechelela hakuwahi kulitaja tangu alipoolewa, miaka kumi na tisa, kwa sababu mke wa mtoto hataji jina la baba mkwe, na kwa heshima yake nasi tungoje kidogo.

"Hizi ni zako, mzee?" Nesi aliuliza.

Mzee akaziangalia ndala. Akaangalia ile alama. Kisha akafanya jambo ambalo kwa mila yao halifanywi, akainua macho akamtazama mkwewe usoni, sawasawa.

"Ni zangu," alisema, na akazivaa, akaifunika ile alama kwa nyayo zake mwenyewe.

Akapanda gari bila kushikwa mkono. Hakuuliza anaumwa nini wala anapelekwa wapi.

*

Tuseme ukweli, Shahidi hakuwa adui wa mtu. Kabla hajaja, Chilumbi ilikuwa ikizika watoto kila masika. Sechelela alimzika mmoja, Nyemo, binti yake wa kwanza na wa mwisho, miaka mitatu na meno yote. Alimpa maji ya kisima cha mchangani kwenye kikombe cha bati, akamshikia kikombe kwa sababu mtoto alitaka kushikiwa, na kesho yake jioni mtoto hayupo. Mpaka leo watu wanamwita Mama Nyemo, na kila anayemwita anamkumbusha bila kukusudia.

Halafu Wafadhili wakaja na mashine. Walichimba kisima chenye kina cha mita mia nne, wakayafikia maji ya zamani ambayo hayakuwahi kuonwa na mtu, wakajenga choo kimoja kwa kila kaya na ndani ya kila choo wakafunga kifaa kidogo ambacho watu walikiita pua. Pua ilinusa haja ya mtu na kujua kama kuna mdudu, ndala yenye chipu ikasema ni haja ya nani, na habari zote zikapanda hewani kwa Shahidi, mashine iliyokaa mbali kusikojulikana na kuzungumza Kiswahili cha taarifa ya habari. Visima vya mchangani vikafukiwa kwa zege. Tangu hapo hakuna mtoto wa Chilumbi aliyekufa kwa kuhara. Huwezi kumwambia mama aliyezika kwamba jambo hilo ni dogo.

Masharti yalikuwa mawili. Kila mkazi aliyezidi miaka mitano lazima asomwe mara nne kwa wiki. Na kijiji ni kimoja: akikosekana mtu mmoja, au akidanganya mtu mmoja, bendera nyeupe inashushwa, inapandishwa nyekundu, na bomba linafungwa kwa siku tisini. Wafadhili walieleza kwamba mdudu hajali mpaka wa ua, na kwa hilo walikuwa sahihi.

Jambo moja tu hawakulijua, nalo hawakulijua kwa sababu waliliuliza vibaya. Mke wa mtoto na baba mkwe hawaingii choo kimoja. Hawakai kigoda kimoja, hawapeani kitu mkono kwa mkono, sembuse choo. Siku ya usajili walikuja vijana wanne na vishikwambi vyao, wakamkalisha mzee mbele ya watu na mbele ya mkwewe, wakamwuliza kwa sauti kama anatumia choo. Mzee akasema anatumia. Angesema nini? Kaya nyingine zilipona kwa sababu watoto wa kiume walijenga kwao, wakahesabiwa kaya yenye choo chake. Mume wa Sechelela alikuwa ameshatangulia mbele ya haki, na mjane akakataa kumwacha mzee peke yake na mbuzi wake.

Choo cha pili kisicho na pua kilihesabiwa sawa na kichaka, na pua ya pili Wafadhili hawakuitoa. Kwa hiyo mzee akaendelea kwenda zake mwisho wa shamba la uwele na jembe begani, akichimba na kufukia vizuri, na wiki ya kwanza ilipokaribia kwisha bila ndala zake kukanyaga bamba la chooni, Sechelela akaona kijiji kizima kinakwenda na maji kwa sababu ya aibu ya mzee mmoja. Alizivaa mara ya kwanza akitetemeka. Mara ya pili akatetemeka kidogo. Mwaka wa pili ilikuwa kazi kama ya kufagia.

Kijiji cha Chibwela, alikozaliwa, kilishikwa miezi minne iliyopita. Kijana mmoja alikwenda kuchunga wiki mbili, ndala akaziacha nyumbani. Siku tisini zilipokwisha, watu wengi walikuwa wameshasomwa wagonjwa, na siku zikaanza kuhesabiwa upya. Sechelela alikwenda huko siku kumi zilizopita na madumu mawili ya maji begani kwa dada yake, Mwendwa. Alimkuta anachota kwenye shimo lilelile wanalonyweshea punda. Alikula kwake, kwani utakataaje ugali wa dada yako. Aliporudi alichukua chupa moja ya maji ya lile shimo, akaiandikia tarehe, akaomba Shahidi aipime ili Wafadhili waone na kuhurumia. Shahidi akamjibu kwamba sampuli za vijiji vyekundu hazipokelewi. Chupa ikabaki kwenye rafu, nyuma ya chumvi.

Sasa alijua alirudi na nini kingine. Wapo wanaombeba mdudu siku nyingi bila kuumwa hata tumbo, alifundishwa hivyo kwenye semina na yeye akawafundisha wenzake. Mchana ule mzee alipochukuliwa, alijifungia ndani akameza vidonge kutoka kwenye sanduku la mhudumu. Haja zake nne za wiki zilikuwa zimeshatimia, kwa hiyo choo hakukigusa tena. Alitumia ndoo yenye chokaa, akabeba jembe la mzee, akaenda mwisho wa shamba la uwele kufukia. Njiani alicheka peke yake, kisha akalia.

*

Siku ya tatu Nesi Hollo alimpigia.

"Mama, njoo uzungumze na mzee. Hataki kula. Tangu afike, mafunda mawili matatu ya maji tu. Sisi tunataka haja yake."

"Hamjampa dawa?"

"Wazee hatuwapi mpaka kipimo cha pili kithibitishe, ile dawa inawachosha figo. Na yeye hatoi kitu. Kesho asubuhi Shahidi ameagiza tumpe ya kumlazimisha aende."

Sechelela alitembea nusu saa mpaka kambini. Hema la mzee lilikuwa na dirisha la nailoni nene lenye matundu ya sauti. Nesi akampa kigoda, akaenda kukaa mbali. Sechelela akakigeuza kigoda, akakaa na kulipa dirisha mgongo kama anavyopaswa. Nyuma yake akasikia kitanda kinalia, na mzee naye akigeuka.

"Mama Nyemo."

"Abee, Baba. Shikamoo."

"Marahaba. Ulikuwa unazivaa kabla ya kuniamkia au baada?"

Sechelela alitaka ardhi ipasuke. "Baada, Baba."

"Angalau."

Sauti yake ilikuwa kavu, ya mtu mwenye njaa, lakini ndani yake mlikuwa na kitu kama kicheko, na hicho ndicho kilichomuumiza zaidi. Angegombezwa ingekuwa nafuu.

"Baba, nisamehe."

"Sijakuuliza hayo. Kosa tumegawana, mimi niliwaambia natumia. Sikiliza. Nikila, nitakwenda. Nikienda, watapima. Wakipima watakuta tumbo la mtu anayekula uwele na maziwa, halina ugonjwa. Halafu mashine itajiuliza huyu mzee amepona kwa dawa gani."

"Itafungua za miaka yote, Baba. Italinganisha. Itajua zote ni za mtu mmoja."

"Ndivyo nilivyofikiri." Akakohoa. "Ile chupa uliyotoka nayo Chibwela, bado unayo?"

Sechelela alianza kuelewa, na hakutaka kuelewa.

"Walinipa kikombe changu hapa," mzee aliendelea polepole, kama anaeleza njia ya kufika mnadani. "Nesi anakubali tuletewe uji kutoka nyumbani, nimemsikia akimwambia mwenzake. Uje na uji kesho alfajiri, kabla hawajaja na dawa yao. Uchanganye. Nitakunywa, nitaumwa kweli, watapima, watapata wanachokitafuta, jalada litafungwa."

"Baba, hilo siwezi."

"Umeweza kuvaa ndala zangu miaka sita."

"Kwa umri wako kipindupindu hakikai na mtu siku mbili. Ni saa. Nimeona."

"Hapa wana dripu, wamezipanga mpaka juu. Huenda nikapona."

"Huenda, Baba?"

"Hata mvua tunailimia kwa huenda. Wewe ndiye mwenye daftari. Chilumbi ina watoto wangapi chini ya miaka mitano?"

Alijua. Alikuwa akiwapima kila mwezi, mmoja mmoja, kwenye mizani ya kitambaa. "Mia mbili na kumi na mmoja."

"Basi nenda ukawaambie waache kunywa kwa sababu mkwe wa mtu ana huruma."

Hakuwahi kumsemesha hivyo. Sechelela akaziba mdomo kwa kanga asisikiwe na Nesi. Nyuma yake mzee naye alikuwa anahema kwa nguvu, na alipozungumza tena sauti ilikuwa imeshuka.

"Nyemo nilimzika kwa mikono yangu, mama. Sitaki kuchimba makaburi mengine madogo. Kubwa siliogopi."

*

Aliporudi nyumbani aliitoa chupa nyuma ya chumvi. Maji yake yalikuwa yametulia, tope limekaa chini, juu meupe kabisa. Mtu asiyejua angeyanywa.

Akawasha moto, akakoroga uji wa uwele, akaumimina kwenye kibuyu, akauacha upoe, maana uji wa moto ungemuua mdudu na kazi ingekuwa bure. Hayo yote aliyafanya kwa utulivu, na utulivu ule ulimtisha. Akafikiri juu ya dada yake kule shimoni na punda. Akafikiri juu ya wale mia mbili na kumi na mmoja, na majina yao yakaanza kumpita kichwani kwa mpangilio wa daftari. Mzee mmoja aliyejitolea mwenyewe kwa watoto wote wale. Hesabu haikuwa ngumu. Mtu yeyote mwenye akili angeifanya, na Shahidi angeifanya upesi kuliko wote.

Akafungua chupa, akaiinamisha juu ya kibuyu.

Mkono ukakataa. Sisemi kwamba alibadili mawazo, maana mawazo yake yalikuwa palepale. Ni mkono. Ule mkono ulishawahi kumshikia mtu maji haya, na mtu yule alikunywa akamaliza na kumrudishia kikombe akisema asante mama. Sechelela akajaribu tena kwa mkono wa kushoto. Akakaa chini sakafuni, chupa katikati ya miguu, akalia kwa sauti kama mtu aliyefiwa leo.

Alipomaliza kulia aliimimina chupa yote kwenye ndoo ya chokaa. Uji akaunywa mwenyewe, kwa sababu alikuwa na njaa na kulikuwa na kazi.

Ilikuwa saa saba mchana. Akanawa kwa sabuni mpaka kwenye viwiko, akajifunga kanga ya pili, mikono akaikunja nyuma asiguse chombo cha mtu, akaanza nyumba hadi nyumba.

"Jazeni vyombo," aliwaambia. "Chukueni lita zenu zote za wiki leo. Kesho bombani kuna matengenezo."

"Matengenezo ya siku ngapi?" aliuliza mwenyekiti wa kijiji, Malogo, ambaye hakuna jambo lililowahi kufanyika Chilumbi bila yeye kuuliza lina siku ngapi.

"Nyingi, mwenyekiti."

"Mbona Shahidi hajatutangazia?"

"Atatangaza jioni."

Watu walimwamini. Huyu ndiye aliyewafokea miaka sita wasihifadhi maji kwenye vyombo visivyo na mfuniko. Leo aliwaambia wajaze mapipa, madumu, mabeseni, sufuria, mtungi wa pombe ya harusi, hata kile kihori cha kunyweshea ndama, bora kisuguliwe kwanza. Mama mmoja alimwuliza kama ajaze na buti za mvua za mumewe. Sechelela akamwambia jaza, na yule mama akacheka akidhani ni mzaha.

Saa kumi na moja foleni bombani, pale karibu na kambi, ilikuwa bado watu thelathini hivi. Alingoja. Wakafika ishirini, wakafika kumi na wawili, lakini nyuma walikuwa wanaongezeka wengine wanaorudi kwa awamu ya pili, na akaona kwamba akisubiri foleni iishe hatasema kamwe. Jua lilikuwa bado juu ya kilima. Akaenda kwenye nguzo ya Shahidi kando ya bomba, akabonyeza kitufe cha taarifa.

"Karibu, mhudumu," Shahidi alisema. Sauti yake ilitoka kwenye spika ileile ya matangazo, kwa hiyo kila mtu aliisikia. "Eleza taarifa yako."

"Nataka kusema juu ya kaya kumi na saba. Mgonjwa mliyemchukua haumwi. Aliyesomwa ni mimi. Nilivaa ndala zake."

Waliokuwa karibu wakageuka. Wa mbali wakaendelea na mazungumzo yao.

"Mara ngapi?"

"Miaka sita."

"Chagua sababu. Moja, uvivu. Mbili, ukosefu wa elimu. Tatu, choo kibovu. Nne, nyingine."

"Nne."

"Eleza kwa maneno yasiyozidi ishirini."

Alikuwa ameyatayarisha mengi. Alitaka kusema juu ya choo kimoja kwa kaya, juu ya vijana wanne na vishikwambi, juu ya Chibwela na shimo na punda na dada yake. Akayahesabu, hayakutosha popote. "Hatuingii choo kimoja na baba wakwe zetu," alisema, "na hamkutuuliza tukiwa peke yetu. Chibwela wanakunywa na punda."

"Imepokelewa. Ili kumwondoa mgonjwa kwenye uangalizi, taja jina kamili la mwenye ndala."

"Ni kumi na saba A."

"Namba haitoshi. Ndala zilitumiwa na mtu mwingine. Taja jina."

"Unalo. Lisome kwenye orodha yako."

"Anayeungama ndiye anayetaja. Taja jina kamili la mwenye ndala, au taarifa itafutwa na mgonjwa atapewa dawa kesho asubuhi."

Sasa foleni yote ilikuwa kimya. Bomba lilikuwa linamwaga kwenye ndoo ya bibi mmoja, ambaye alimgeukia Sechelela na kutikisa kichwa polepole, usifanye hivyo mwanangu. Si maji aliyokuwa akiyafikiria bibi yule. Hakuna aliyekuwa ameyafikiria maji bado.

Jina lile Sechelela aliwahi kulisikia likitajwa na wengine mara elfu, na kila lilipotajwa yeye alishusha macho. Alilitoa kwa sauti ndogo.

"Sikukusikia. Rudia."

"Chedego," alisema Sechelela, kwa sauti iliyofika mpaka barabarani. "Chedego Ndahani Lugusi."

Mama mmoja akaweka dumu chini, akajifunika uso kwa kanga. Malogo, aliyekuwa amekuja kuuliza matengenezo yana siku ngapi, alisimama na mdomo wazi. Mkwe amemtaja mkwewe kwa jina lake, na la baba yake, na la babu yake, bombani, mchana kweupe.

"Taarifa imekamilika," alisema Shahidi. "Asante kwa uaminifu wako. Siku tisini zinaanza sasa."

Ndani ya bomba kukasikika kitu kikifunga. Maji yakapungua, yakawa uzi, yakawa matone. Ndoo ya bibi ilikuwa imefika nusu.

*

Hatutasimulia usiku ule walimwambia nini. Waliokuja walikuwa na haki ya kuja, na yeye hakufunga mlango.

Kesho yake saa tano, gari jeupe halikumrudisha mzee, kwa sababu haliwabebi watu wasioumwa. Alirudi kwa miguu, pekupeku. Alipita kwenye nguzo yenye bendera nyekundu, akapita kwa watu waliokuwa wakifunga mizigo juu ya punda, na wengine hawakuitikia salamu yake. Sechelela alimwona tangu mbali akiyumba mara mbili kwa njaa. Alikuwa amemwekea ugali na maziwa kwenye kigoda chake upande wa zizi, na kikombe cha maji kilichofunikwa sahani, kutoka kwenye dumu lao moja kati ya manne.

Akakimbilia nyuma ya ukuta wa jikoni, akapiga magoti, akainamisha kichwa. Alimvua nguo mbele ya kijiji kizima, na kijiji kizima hakina maji.

Mzee hakwenda kwenye chakula. Akachukua jembe lake lililoegemezwa ukutani, akalikung'uta udongo mbichi ambao hakuuacha yeye, akautazama, akaelewa. Kisha akaja akakaa upande wa pili wa ukuta ule, mgongo kwa mgongo na mkwewe, matofali ya tope katikati yao.

"Mama Nyemo."

"Abee, Baba."

"Visima vya mchangani walivifukia nikiona. Najua kila kimoja kilipo."

"Chini ya zege, Baba."

"Chini ya zege." Akapumzika, maana hata kusema kulimchosha. Mkono wake ukapapasa mpini wa jembe. Huko nje punda mmoja alilia, na mama wa buti za mvua alisikika akimkataza mtoto asinawe.

"Nimesikia umeniita," alisema mzee.

Sechelela alizidi kuinamisha kichwa.

"Kule kambini sauti ilifika. Miaka kumi na tisa hujaniita hata siku moja."

"Ndiyo, Baba. Nilikuita."

"Haya," alisema Chedego. "Nimekuja."